Pangani: Mji Unaojua Kusubiri

Ukitaja pwani kwa vijana wa mjini, picha inayokuja haraka ni ile ya kwenye kalenda: mchanga mweupe, dafu lenye mrija, wawili wameshikana mikono na jua linazama nyuma yao. Hakuna ubaya. Lakini waulize waliozaliwa na kukulia ufukweni, watakwambia kwamba bahari kwao ni mahali pa kuagana. Mtu anaondoka magharibi, anakuwa mdogo, anakuwa doa, anapotea. Aliyebaki anafunga kanga vizuri, anageuka, anarudi nyumbani kuendelea na kazi zake. Kesho yake, hivyo hivyo.

Mpenzi msomaji, mwezi huu nakupeleka Pangani, mkoani Tanga, mji mdogo uliopo pale mto Pangani unapoingia Bahari ya Hindi. Sikupeleki kwa ajili ya hoteli, ingawa zipo. Nakupeleka kwa sababu najua wengi wenu mna mtu aliye mbali. Mmoja yuko Dar, mwenzake kahamishiwa Mwanza. Mmoja kabaki Arusha na watoto, mwenzake anasoma Uchina. Hapa ofisini tunapata ujumbe wenu, na swali ni lile lile kila mwezi: nifanyeje na huu upweke? Watu wa Pangani hawana jibu la kitabuni. Wana mazoea tu, lakini ni mazoea ya miaka mingi, na nilirudi nayo mjini.

Na mimi pia ni mmoja wenu. Mume wangu alikuwa anafanya kazi Kanda ya Ziwa, mwaka wa pili huo, na mimi Dar na nyumba ya vyumba viwili, televisheni, na jirani anayepiga muziki hadi saa saba za usiku. Nimesoma mawasiliano ya umma chuo kikuu. Tulifundishwa namna ya kufikisha ujumbe kwa mtu mmoja na kwa watu milioni, lakini hatukuwa na somo la kukaa na mtu ambaye hayupo. Juni 2024 kazini kwake wakamwambia mkataba unaweza kuongezwa miaka miwili mingine, atoe jibu kabla Julai haijaisha. Naye akanigeuzia mimi: "Wewe unasemaje?"

Mashoga zangu walikuwa na methali mkononi: fimbo ya mbali haiui nyoka. Mama yangu akasema kazi ni kazi, mwanangu, wangapi hawana. Wote walisema kweli, na ndiyo maana sikuweza kuamua. Basi ikafika wikiendi ya Sabasaba. Dar nzima inaelekea kwenye maonyesho barabara ya Kilwa, mimi nikachukua begi dogo na kupanda basi la Tanga.

MJI ULIOACHWA

Kutoka Tanga mjini mpaka Pangani ni kama kilomita 50 kwenda kusini. Unapita minazi, unapita mashamba ya mkonge, unapita minazi tena. Halafu mji unatokea ghafla: mto mpana wa rangi ya chai ya maziwa, Boma la zamani lenye milango ya nakshi, na mtaa wa maduka ya zamani ya Kihindi yenye baraza ndefu. Kitu cha kwanza utakachokisikia ni kimya. Kama umezoea honi za Mwenge, utadhani masikio yameziba.

Haukuwa mji wa kimya siku zote. Katika karne ya 19 misafara kutoka bara ilishukia hapa na pembe za ndovu, na pia na watu waliotekwa kwenda kuuzwa utumwani. Mwaka 1888 watu wa pwani walipowakatalia Wajerumani, aliyekuwa mbele ni Bushiri bin Salim, na ni hapa Pangani walikomnyonga, tarehe 15 Desemba 1889. Miaka minne baadaye, mwaka 1893, Wajerumani wakaanza kujenga reli yao kutokea Tanga, kwenye bandari yenye kina. Mlango wa mto Pangani una fungu la mchanga linalosumbua meli kubwa. Biashara ikaangalia reli, ikaangalia mchanga, ikahama.

Yaani mji mzima uliachwa, tena bila talaka. Hakuna aliyekuja kusema basi, tumemaliza. Meli zilipungua tu, mwaka baada ya mwaka, kama simu za mtu anayekupoteza kidogo kidogo.

Nilitegemea kukuta mji wenye huzuni. Jioni ya kwanza nikakaa barazani na wazee wanaokunywa kahawa chungu kwa kashata, nikawasikiliza wakibishana kuhusu mpira, bei ya nazi, na kijana fulani aliyeoa mke wa pili bila kumalizia nyumba ya wa kwanza. Nilicheka mpaka nikapaliwa. Mzee mmoja akaniuliza nimekuja na nani. Nikasema peke yangu. Akasogeza kikombe chake kunipa nafasi, akasema, "Hapa hakai mtu peke yake, mwanangu. Labda alale."

NDOA INAYOFUATA MWEZI

Asubuhi ya Ijumaa nikashuka mahali boti za dagaa zinapotia nanga. Ilikuwa giza la mwezi, yaani zile siku ambazo mwezi hauonekani, na kwa wavuvi wa dagaa huo ndio wakati wa kazi. Nilielezwa hivi. Dagaa wanafuata mwanga. Zamani walivutwa kwa karabai, siku hizi ni taa za betri na za umeme wa jua. Usiku ukiwa mweusi kabisa, taa ya boti inakuwa ndiyo mwanga pekee baharini, na dagaa wanakusanyika chini yake. Lakini mwezi ukipevuka bahari yote inang'aa, taa haina maana tena, dagaa wanatawanyika. Kwa hiyo wakati wa giza wanaume wanalala baharini. Ikifika mbalamwezi nyavu zinashonwa, boti zinazibwa, na wanaume wanalala kwao.

Boti zilipofika, kazi ikahamia kwa wanawake. Masufuria makubwa yalikuwa yanachemka kwa maji ya chumvi, dagaa wanazamishwa, wanatolewa, wanaanikwa. Nikamsogelea mama mmoja wa makamo, nikamwamkia shikamoo, nikamuuliza kama naweza kukaa. Akanionesha ndoo iliyogeuzwa. Hakupoteza muda.

"Mumeo yuko wapi?"

"Kazini, bara. Mbali."

"Anarudi lini?"

Nikasema sijui, labda mwezi ujao, labda ule mwingine, inategemea na kazi. Akaacha kukoroga. Alinitazama kama daktari anavyomtazama mgonjwa aliyesema homa ina wiki tatu.

"Hujui?"

Yeye ana miaka 19 ya ndoa, na mumewe ni mvuvi tangu kabla hajamposa. Akanihesabia vidoleni usiku ambao atalala peke yake mpaka mwezi ujao, na usiku ambao mume atakuwepo. "Giza ni la bahari," akasema, "mbalamwezi ni yangu." Wakati wa giza anatandika shuka lolote. Mwezi ukikaribia kupevuka anatoa shuka zuri, anafukiza udi, anatengeneza kikuba cha asumini, na watoto wanajua siku hizo mama hagombi. "Kila mwezi tuna fungate yetu. Wewe wa mjini ulifanya fungate mara ngapi?"

Mara moja, nikamjibu. Wenzake wakacheka mpaka mmoja akaangusha kipawa.

Nikamuuliza kama wakati wa giza hajisikii mkiwa. Akatikisa kichwa. "Mkiwa ni yule asiye na wa kumngoja. Mimi ninaye. Nikichoka kungoja, natazama juu."

Nilikaa na maneno hayo siku nzima. Sisi wa mjini tukichoka kungoja tunatazama chini, kwenye simu. Na simu, wapendwa, haina giza wala mbalamwezi. Inaweza kuita dakika yoyote, kwa hiyo kila dakika ambayo haijaita inakuwa kosa la mtu. Umeona tiki mbili za bluu, hajajibu. Alikuwa hewani saa nne na nusu, sasa ni saa sita. Unalala na simu chini ya mto, unaamka nayo mkononi. Mke wa mvuvi hana shida hiyo. Boti ikishavuka mawimbi ya mlangoni, mtandao unakatika, na yeye anajua hapigiwi. Anafunga mlango na kulala. Atamuuliza habari asubuhi.

Kuna kitu kingine nilikiona, na akina dada wanaofanya kazi watanielewa. Zile siku za mume kutokuwepo ndizo siku za pesa ya mke. Dagaa wakishakauka wanauzwa kwa wanunuzi, na dagaa wa pwani yetu wanasafiri kweli kweli, wengine mpaka Kongo. Mama yule ana akiba yake kwenye kikundi, ana mtoto wa sekondari anayemlipia yeye. Hamu anayo, aliniambia wazi bila haya, lakini hamu yake ina kazi ya kufanya. Tena hasubiri peke yake. Masufuria yamepangwa mstari mmoja, na kila mwanamke aliyesimama nyuma ya sufuria ana mtu wake kwenye maji yale yale.

KUAGANA KWA PANTONI

Ng'ambo ya mto kuna Bweni. Ni mita mia chache tu za maji, lakini ni maji. Watu walikuwa wanavuka kwa pantoni na baiskeli zao, pikipiki, magunia ya nazi, sare za shule. Nilipokuwepo, daraja la mita 525 lilikuwa linajengwa, na kila aliyekaa kusubiri pantoni alikuwa na maoni juu yake.

Jioni ya Ijumaa nilimkuta kijana wa bodaboda amesimama ukingoni, pikipiki ameizima, macho ng'ambo. Mchumba wake anafanya kazi upande wa mjini na anaishi Bweni kwa wazazi. Kila jioni anamleta mpaka kwenye pantoni, binti anapanda, na yeye hasogei mpaka pantoni ifike ng'ambo na binti awashe tochi ya simu mara mbili. Ndipo anawasha pikipiki na kuondoka.

"Kila siku?" nikamuuliza.

"Kila siku, dada. Siku ya kwanza asipowasha nitaogelea."

Nikamwambia daraja likiisha atapumzika. Akaguna. "Daraja likiisha itabidi nimfikishe mpaka mlangoni. Na mlangoni yupo mama yake."

Nimewahi kuhudhuria semina za mahusiano zenye kiingilio na chakula cha mchana ambazo hazikunifundisha kitu kama zile tochi mbili. Kuagana kwao kunachukua dakika kumi. Kuna mwanzo, kuna mwisho, na mwisho una alama ambayo wote wawili wanaijua. Linganisha na sisi tunaoagana kwa simu: "Haya basi." "Haya." "Nitakucheki." "Poa." Mazungumzo yamekwisha na hakuna aliyeondoka wala aliyefika.

SIKU ZISIZO NA HESABU

Nisikudanganye kwamba Pangani ni mahali pa mahaba matupu. Bahari haitimizi ahadi zote. Julai ni msimu wa kusi, upepo unavuma kwa nguvu, na jioni boti zinapotoka utawaona akina mama wanatazama maji kwa macho ambayo hayana utani wa asubuhi.

Jumamosi, mwenyeji wangu alinipeleka kwa jirani yake, mwanamke wa umri wangu hivi, anayesuka ukili. Nilitaka kununua mkeka. Tukakaa, tukaongea bei, tukaongea watoto, na katikati ya maongezi akanisimulia habari ya mumewe, kwa sauti ile ile aliyotumia kutaja bei. Boti ilipinduka usiku wakati wa kusi. Wenzake waliokolewa. Yeye hakuonekana, si siku ile, si wiki ile.

Hakukuwa na maiti, kwa hiyo hakukuwa na maziko. Watu walikuja kumpa pole lakini hawakujua waseme pole ya nini. Wengine walisema labda aliokolewa na boti ya Pemba, labda yuko hospitali Mombasa. Kila mlango ukigongwa usiku alikuwa anaamka kabla ya mtoto. Aliendelea kupika kipimo kile kile cha wali. Baada ya miezi mingi wazee wa pande zote mbili na sheikh wakakaa, wakasema inatosha, na yeye akaingia eda ya mjane, miezi minne na siku kumi.

Nikamwambia eda lazima ilikuwa ngumu. Mikono yake haikusimama.

"Eda haikunishinda," akasema. "Eda ina siku, unazihesabu, zinaisha. Kilichonimaliza ni ile miezi ya kabla. Nilikuwa sijui mimi ni mke au mjane. Hata kanga nilikuwa sijui nivae ipi."

Silinganishi habari yangu na yake, na wewe usilinganishe. Mume wangu alikuwa hai, ana afya, na jioni ile ile alinitumia picha ya ugali na sato. Lakini yule dada alikuwa amekitaja kwa jina kitu ambacho wengi wetu tunakizunguka. Umbali unauma, ndiyo. Usiku wa peke yako unauma. Ila mtu anaweza kuubeba mzigo mzito kama anajua atautua wapi. Kinachotumaliza ni kule kutojua: ni wiki tatu au ni miaka mitatu, ni mchumba au ni rafiki wa simu, ni ndoa au ni jina tu kwenye fomu za bima.

KISIWA KINACHOZAMA

Jumapili tulivuka kwenda Ushongo, ufukwe ulioko kusini mwa mto, tukapanda boti kwenda Maziwe. Lazima uende maji yakiwa yametoka, sisi tulikuwa pale saa tano asubuhi, kwa sababu maji yakijaa kisiwa hakipo. Nimesema vizuri: hakipo. Zamani Maziwe kilikuwa kisiwa kamili chenye miti, na kilikuwa mahali maarufu pa kasa kutagia mayai. Mawimbi yakala mchanga, miti ikaanguka, na kufikia miaka ya 1980 kisiwa kilikuwa kimebaki fungu la mchanga linaloibuka na kuzama kila siku. Ukifika utaona mchanga mweupe, ndege wa baharini, matumbawe pembeni, na maji ya kila aina ya bluu. Wapenzi wa kupiga picha, nendeni na betri iliyojaa.

Sasa sikiliza hili. Kasa jike akikua hurudi kutaga eneo alikozaliwa. Anaogelea safari ndefu na anapata njia. Na Maziwe bado wanarudi. Kasa anapanda mchanga usiku, anachimba shimo kwa makasia yake, anataga, anafukia vizuri, anaondoka. Hajui kwamba siku za bamvua maji yatapita juu ya kiota chake na mayai yatakufa. Mapenzi yake hayana kasoro. Kasoro ipo kwenye mchanga.

Wanaowaokoa ni watu wa Ushongo. Mayai yanayotagwa Maziwe yanachimbuliwa kwa uangalifu na kuhamishiwa kwenye ufukwe wao, juu ya mstari wa maji. Tuliporudi nilioneshwa kiota kimoja. Juu yake palikuwa na uzio mdogo wa vijiti na kibao kilichoandikwa tarehe ya kutagwa. Yanachukua kama miezi miwili, kijana wa pale akanieleza, kwa hiyo wanajua ni lini waanze kulala macho.

Nilisimama mbele ya kibao kile muda mrefu kuliko nilivyosimama mbele ya bahari. Hamu peke yake ilimleta kasa mpaka Maziwe, lakini mayai yanapona kwa sababu kuna mtu anajua saa za maji na ana kalamu.

"TUTAONA" SI TAREHE

Jioni ile nilimpigia mume wangu kutoka barazani. Sikumuuliza kama ananimisi, nilijua ananimisi. Nikamwambia jibu langu ni hili: kabla hujasaini chochote nataka tarehe. Siku za kuja nyumbani, na siku ya kumaliza kabisa.

Akasema, "Tutaona, mama."

Nikamwambia wanawake wa Pangani hawaolewi na tutaona. Akacheka. Mimi sikucheka, na akaacha. Tukakaa kimya kwenye simu, nikasikia mbwa wa huko kwake wakibweka, naye nadhani alisikia bahari. Nilimwambia kama tarehe haziwezi kupatikana basi nami naanza kutafuta kazi Kanda ya Ziwa, au yeye anarudi, lakini sitaingia mwaka wa tatu bila kujua naitwa nani. Maneno hayo hayakuwa yangu, yalikuwa ya yule dada wa mkeka. Niliyaazima.

Siku nne baadaye alinituma picha ya karatasi. Alikwenda kwa bosi wake akaomba mwaka mmoja badala ya miwili, na wiki moja nyumbani kila baada ya wiki sita. Karatasi ilikuwa na tarehe zote kwa mwandiko wake, ya mwisho ikiwa 31 Julai 2025. Niliibandika kwenye mlango wa friji.

Je, alitimiza? Mara mbili hakuja siku aliyosema. Mara moja ndege iliahirishwa, mara nyingine kazi ilibana. Lakini tulikuwa tumekubaliana jambo moja, na alilishika: tarehe ya zamani haipiti kabla tarehe mpya haijatajwa. Upweke haukuisha, nisikuongopee. Ijumaa jioni za Dar ni ndefu kwa mtu ambaye ana mtu na hanaye. Ila nililala. Simu nikawa naiacha sebuleni. Nilianza na kukamilisha kozi niliyokuwa naiahirisha, na wiki zile sita zikawa ndiyo giza langu la kazi. Mwaka ukaisha. Sasa yuko Dar, analalamika foleni ya Ubungo kila siku, na kuna jioni natamani arudi ziwani kidogo.

YA KUJIFUNZA PWANI

Kama una mtu wako mbali, jaribu haya matatu wiki hii.

Kwanza, muwe na tarehe. Hata ikiwa ya mbali, iwepo, na muiandike mahali mnapoiona wote. Anayekupenda kweli hatachukia kuulizwa lini. Akichukia, hilo nalo ni jibu.

Pili, muwe na saa za giza. Kubalianeni ni muda gani hampigiani, bila kununa. Kama yuko kwenye zamu, yuko baharini. Lala.

Tatu, usisubiri peke yako. Tafuta mstari wako wa masufuria: kikundi, kozi, biashara ndogo, jirani wa kula naye Ijumaa. Mtu anayerudi anafurahi kukuta maisha yanaendelea, si mtu aliyekaa kwenye kochi miezi mitatu na hasira za miezi mitatu.

UKITAKA KWENDA

Panda basi la Tanga, lala Tanga usiku mmoja kama una muda, halafu chukua usafiri wa Pangani. Nyumba za wageni zipo mjini, na za ufukweni zaidi zipo Ushongo, ng'ambo ya mto. Maziwe ni hifadhi ya bahari, kwa hiyo kuna kiingilio, na nahodha ndiye anayepanga saa, si wewe, maana anayafuata maji. Kuanzia Juni mpaka Agosti kusi linavuma, beba koti jepesi la boti. Vaa kwa heshima mjini, amkia wakubwa, na ukikaribishwa kahawa usikatae kikombe cha kwanza.

Na kabla hujakata tiketi, angalia mwezi. Ukienda wakati wa giza utaziona taa za boti baharini usiku, zimepangana kama mji mwingine, na asubuhi utakula dagaa wabichi wa kukaanga. Ukienda mbalamwezi utapata mwanga mzuri wa kutembea ufukweni na umpendaye. Ila siku hizo usigonge mlango wa mtu asubuhi mapema ukimuulizia mvuvi wa kukupeleka Maziwe. Utaambiwa amelala, na atakayekujibu atakuwa na kikuba kichwani.